Kipeuo cha pili kwa njia ya mgawanyo

Kipeuo cha pili kwa njia ya mgawanyo ni utaratibu wa kutafuta kipeuo cha pili cha namba kwa kalamu na karatasi, tarakimu moja baada ya nyingine, bila kikokotoo wala kitabu cha majedwali. Huitwa njia ya mgawanyo kwa sababu kazi yake huandikwa kama mgawanyo mrefu: kuna kigawanyo upande wa kushoto, jibu juu, na baki zinazoshuka chini. Tofauti kubwa ni kwamba katika mgawanyo wa kawaida kigawanyo hakibadiliki, wakati hapa kinabadilika kila hatua. Tofauti nyingine ni kwamba tarakimu hushushwa mbili mbili, si moja moja.

Njia hii hufanya kazi kwa namba yoyote chanya, iwe ina kipeuo kamili kama 5,329 au haina kama 130. Kwa namba isiyo na kipeuo kamili, mkokotoaji anaweza kuendelea hadi desimali yoyote anayoitaka.

Istilahi

Mraba wa namba ni namba hiyo ikizidishwa kwa yenyewe. Mraba wa 7 ni 49, na kwa hiyo kipeuo cha pili cha 49 ni 7. Alama yake ni √. Wanafunzi wengi huchanganya maneno mawili yanayofanana: kipeo na kipeuo. Kipeo ni ile namba ndogo inayoandikwa juu kuonyesha namba imezidishwa kwa yenyewe mara ngapi. Kipeuo ni namba ya awali inayotafutwa kwa kurudi nyuma. Herufi moja inatenganisha maneno hayo, na katika mtihani herufi hiyo inageuza swali zima.

Namba kama 1, 4, 9, 16 na 25, ambazo vipeuo vyake ni namba nzima, huitwa namba za mraba kamili. Namba nzima inayoishia na tarakimu 2, 3, 7 au 8 haiwezi kuwa mraba kamili, na hilo hujulikana kwa kuitazama tu kabla ya kuanza kazi yoyote.

Katika shule za msingi kipeuo cha pili hutafutwa kwanza kwa vigawo tasa. Namba huchanganuliwa, vigawo vinavyofanana hupangwa viwili viwili, kisha huchukuliwa kimoja kutoka kila jozi. Njia hiyo ni nzuri kwa 144 au 900. Kwa 5,329 inachosha, maana kigawo tasa chake cha kwanza ni 73, na mwanafunzi atajaribu 2, 3, 5, 7, 11 na nyingine nyingi kabla ya kukifikia. Kwa 130 haisaidii kabisa.

Kupanga jozi

Hatua ya kwanza, na ndiyo inayoharibiwa zaidi, ni kuigawa namba katika jozi za tarakimu. Kupanga huanzia kwenye nukta ya desimali. Kwa sehemu ya namba nzima tunakwenda kushoto, na kwa sehemu ya desimali tunakwenda kulia:

5,329 huwa 53 | 29
784 huwa 7 | 84
12,140.58 huwa 1 | 21 | 40 . 58
0.4 huwa 0 . 40

Upande wa kushoto kabisa tarakimu inaweza kubaki peke yake, kama 7 katika 784. Upande wa kulia wa nukta hairuhusiwi kubaki tarakimu moja. Huongezwa sifuri ili jozi itimie. Ndiyo maana 0.4 imeandikwa 0.40.

Kila jozi hutoa tarakimu moja ya jibu. Sababu ni kwamba namba ikizidishwa kwa 100, kipeuo chake huzidishwa kwa 10 tu. Kipeuo cha 49 ni 7 na kipeuo cha 4,900 ni 70, lakini kipeuo cha 490 kipo katikati, ni 22.1 hivi, na hakina sura ya 7 hata kidogo. Kwa hiyo mtu akishapanga jozi anajua tayari jibu lina tarakimu ngapi kabla ya nukta: 5,329 ina jozi mbili, basi kipeuo chake ni namba ya makumi na mamoja.

Hatua za kazi

Tutafute kipeuo cha pili cha 5,329.

Jozi ya kwanza ni 53. Tafuta namba kubwa kuliko zote ambayo mraba wake hauzidi 53. Mraba wa 7 ni 49 na mraba wa 8 ni 64, kwa hiyo ni 7. Andika 7 juu ya jozi hiyo. Toa 49 kwenye 53. Baki ni 4.

Shusha jozi inayofuata, 29, uiandike kando ya baki. Sasa kuna 429.

Zidisha jibu lililopo kwa mbili: 7 mara 2 ni 14. Andika 14 upande wa kushoto na uache nafasi moja wazi mbele yake, yaani 14_. Katika nafasi hiyo itaingia tarakimu mpya, na tarakimu hiyo hiyo ndiyo itakayozidisha namba nzima. Inatafutwa tarakimu kubwa kuliko zote itakayofanya zao lisizidi 429. Tukijaribu 3: 143 mara 3 ni 429. Imeingia kamili. Andika 3 juu ya jozi ya pili.

          7   3
      √  53  29
  7      49
         ----
143       4  29
          4  29
         -------
              0

Kipeuo cha pili cha 5,329 ni 73. Kuhakikisha: 73 mara 73 ni 5,329.

Kama kungekuwa na jozi ya tatu, ingeshushwa, kisha jibu lote lililopatikana (73, si 3 peke yake) lingezidishwa kwa mbili kupata 146_, na kazi ingeendelea vivyo hivyo.

Kukisia tarakimu mpya ni sehemu inayohitaji mazoezi. Kwa kawaida hufunikwa tarakimu ya mwisho ya baki na kugawanya kinachoonekana kwa namba iliyoongezwa maradufu. Katika 429 na 14_, tunagawanya 42 kwa 14 na kupata 3. Lakini kisio hilo linaweza kuwa kubwa mno, hasa mwanzoni ambapo kigawanyo bado ni kidogo. Katika 784, jozi ya kwanza ni 7, jibu 2, baki 3. Tukishusha 84 tunapata 384, na kigawanyo ni 4_. Ukigawanya 38 kwa 4 unapata 9, lakini 49 mara 9 ni 441, imezidi. Unarudi kwa 8: 48 mara 8 ni 384. Kipeuo ni 28. Kurudi nyuma hivyo si kosa.

Kwa nini inafanya kazi

Mwanafunzi aliyefundishwa hatua tupu huuliza kwa nini jibu linazidishwa kwa mbili, na mara nyingi hajibiwi. Jibu linaonekana vizuri zaidi kwenye kipande cha ardhi kuliko kwenye herufi za aljebra.

Tuseme kuna shamba la mraba lenye eneo la mita za mraba 5,329, na tunatafuta urefu wa upande mmoja. Kutoka kwenye kona moja tunapima mraba wa mita 70 kwa 70. Umechukua mita za mraba 4,900, na zimebaki 429. Eneo lililobaki limeukumbatia mraba huo pande mbili, kama herufi L. Lina sehemu tatu: ukanda mmoja wenye urefu wa mita 70, ukanda wa pili wenye urefu wa mita 70, na kipande kidogo cha mraba pale kwenye kona. Upana wa kanda zote mbili ni mmoja, na ndio tunaoutafuta.

Tukizinyoosha kanda hizo na kuziunga mwisho kwa mwisho, tunapata ukanda mmoja wenye urefu wa 70 na 70, yaani 140, ukiongeza na upande wa kile kipande cha kona. Urefu huo mara upana lazima uwe 429. Kama upana ni 3, urefu ni 143, na 143 mara 3 ni 429. Hiyo ndiyo 14_ ya kwenye karatasi. Mbili inatoka kwenye kanda mbili, na tarakimu inayojazwa kwenye nafasi wazi ni ile kona.

Kwa aljebra, kama makumi ya jibu ni a na mamoja ni b, mraba wa (10a + b) ni 100a² + 20ab + b². Ukishatoa 100a² kinabaki (20a + b) mara b. Jibu linapokuwa na tarakimu nyingi, a inachukuliwa kuwa sehemu yote iliyokwisha kupatikana.

Mfano wa ekari

Ekari moja ni yadi za mraba 4,840, sawa na mita za mraba 4,046.86 hivi. Katika sehemu nyingi za Tanzania mashamba huuzwa, hukodishwa na kulimishwa kwa ekari, na ekari hiyo hutajwa kuwa "sabini kwa sabini". Kisichotajwa kila mara ni sabini ya kitu gani. Wengine husema hatua, wengine mita.

Chukua shamba la mraba huko Mloka, kijiji cha Wilaya ya Rufiji kilichopo kando ya mto, karibu na lango la Mtemere la Hifadhi ya Taifa ya Nyerere. Upande wa ekari moja unapaswa kuwa na urefu gani? Kwanza kwa yadi. Tunatafuta kipeuo cha pili cha 4,840.

           6   9 .  5   7
       √  48  40 . 00  00
   6      36
          ----
 129      12  40
          11  61
          -------
1385          79  00
              69  25
              -------
13907          9  75  00
               9  73  49
              -----------
                   1  51

Upande ni yadi 69.57. Hapa ndipo sabini ilipotoka: ni 69.57 iliyokadiriwa hadi namba nzima. Sabini kwa sabini ni yadi za mraba 4,900, zidi la yadi 60 tu za mraba, ambalo ni kidogo zaidi ya sehemu moja ya mia ya ekari. Kwa mazungumzo ya shambani kadirio hilo halina ubaya, ilimradi kila hatua ni yadi, yaani sentimita 91.44.

Sasa kwa mita. Jozi za 4,046.86 ni 40 | 46 . 86. Mraba wa 6 ni 36, baki 4. Shusha 46 upate 446, kigawanyo 12_, 123 mara 3 ni 369, baki 77. Shusha 86 upate 7,786, kigawanyo 126_, 1,266 mara 6 ni 7,596, baki 190. Shusha jozi ya sifuri upate 19,000, kigawanyo 1272_, 12,721 mara 1, baki 6,279. Upande wa ekari ya mraba ni mita 63.61.

Kwa hiyo ekari si mita 70 kwa 70. Kipande cha mita 70 kwa 70 kina mita za mraba 4,900, sawa na ekari 1.21. Anayeuza ekari kwa kamba ya mita 70 anatoa mita za mraba 853 juu ya alizolipwa, na akiuza vipande vitano vya namna hiyo ametoa zaidi ya ekari nzima bure.

Hasara ya upande wa pili ni kubwa zaidi. Hatua ya kutembea ya watu wengi haifiki yadi. Kama aliyepima ana hatua ya sentimita 75, hatua zake 70 ni mita 52.5, na mraba wake ni mita za mraba 2,756.25. Hiyo ni ekari 0.68. Urefu umepungua kwa chini ya moja ya tano, lakini eneo limepungua kwa karibu theluthi moja, kwa kuwa upungufu umeingia katika pande mbili. Kwa bei ya mfano ya shilingi 900,000 kwa ekari, mnunuzi amelipa kama shilingi 287,000 kwa ardhi ambayo haipo. Mtu mfupi na mtu mrefu wakihesabu hatua zile zile sabini hawapimi shamba moja.

Kosa la tatu hutokea ekari zikiwa zaidi ya moja. Inadhaniwa kwamba ekari tatu za mraba ni hatua 210 kwa 210. Hapana: kuzidisha upande kwa tatu huzidisha eneo kwa tisa, na hizo ni ekari tisa. Upande wa ekari tatu ni kipeuo cha 12,140.58. Jozi ni 1 | 21 | 40 . 58. Mraba wa 1 ni 1, baki 0. Shusha 21, kigawanyo 2_, 21 mara 1 ni 21, baki 0. Shusha 40, kigawanyo 22_, na hata 221 mara 1 imezidi 40, kwa hiyo tarakimu ni 0. Shusha 58 upate 4,058, kigawanyo 220_, 2,201 mara 1, baki 1,857. Shusha 00 upate 185,700, kigawanyo 2202_, 22,028 mara 8 ni 176,224, baki 9,476. Upande ni mita 110.18.

Mashamba ya bonde la Rufiji, kuanzia Mloka hadi kwenye delta upande wa Kibiti, si yote yana umbo la mraba. Kipande kinachofuata kingo za mto kinaweza kuwa ukanda mrefu mwembamba. Pale upana unapojulikana, kipeuo hakihitajiki. Eneo linagawanywa kwa upana. Ekari moja yenye upana wa mita 40 itakuwa na urefu wa mita 101.17. Kipeuo kinahitajika pale ambapo ekari inatolewa kama mraba, au pale ambapo alama za mipaka zimesombwa na mafuriko na kinachokumbukwa ni idadi ya ekari peke yake.

Sifuri katikati ya jibu

Fundi wa nyumba hutumia kipeuo cha pili anapohakiki kama pembe za msingi ni pembe mraba. Kwa kanuni ya Pythagoras, mraba wa mstari wa kona hadi kona ni jumla ya miraba ya pande mbili. Mafundi wengi hutumia tatu-nne-tano kwenye kona moja, jambo ambalo linatosha kwa kuanzia. Lakini kosa dogo kwenye kona hukua kuelekea mwisho wa ukuta, kwa hiyo ni salama zaidi kupima kamba toka kona hadi kona ya msingi wote.

Msingi wa mita 9 kwa 7 una kona hadi kona ya kipeuo cha pili cha 81 + 49, yaani 130:

            1   1 .  4   0   1
        √   1  30 . 00  00  00
    1       1
            ----
   21       0  30
               21
            -------
  224           9  00
                8  96
            ----------
22801              4  00  00  
                   (hapa kigawanyo 228_ kilikataa, ikawekwa 0, ikashushwa jozi nyingine)
                   2  28  01
                  ----------
                   1  71  99

Baada ya 11.4 baki ni 4. Ukishusha jozi ya sifuri unapata 400, na kigawanyo ni 228_. Hata 2,281 mara 1 haiingii katika 400. Tarakimu ni 0, na lazima iandikwe kwenye jibu. Kisha inashushwa jozi nyingine, na kigawanyo kinachofuata ni 2280_, chenye sifuri yake. Anayeruka sifuri hiyo atapata 11.41 na kamba yake itapishana na ukuta kwa sentimita moja. Kipimo sahihi ni mita 11.40. Kamba zote mbili, za kona zinazotazamana, zikisoma mita 11 na sentimita 40, msingi umekaa sawa.

Kujua pa kusimama

Kipeuo cha pili cha namba nzima ambayo si mraba kamili hakiwezi kuandikwa kama sehemu ya namba nzima mbili, na desimali zake haziishi wala hazijirudii kwa mpangilio. Kazi inaweza kuendelea milele, hivyo mkokotoaji ndiye anayeamua.

Baki ya mwisho inasaidia kukadiria. Isome baki na jibu bila nukta ya desimali. Baki ikiwa kubwa kuliko jibu, tarakimu ya mwisho inaongezwa moja. Ikiwa ndogo au sawa, inaachwa ilivyo. Katika 4,840 jibu bila nukta ni 6,957 na baki 151, basi 69.57 inabaki. Katika 130 jibu ni 11,401 na baki 17,199, kwa hiyo kwa desimali tatu tunaandika 11.402. Hakuna haja ya kutafuta tarakimu moja zaidi ili kukadiria.

Baki pia ni kipimo cha makosa: katika hatua yoyote haiwezi kuzidi mara mbili ya jibu lililopatikana hadi hapo. Ikizidi, tarakimu iliyochaguliwa ilikuwa ndogo mno.

Kuna njia ya mkato kwa anayetaka desimali nyingi. Akishapata nusu ya tarakimu anazozihitaji kwa njia hii, anaweza kuacha jozi na kuigawanya baki kwa mara mbili ya jibu, kwa mgawanyo wa kawaida. Kwa kipeuo cha 2, tarakimu nne za kwanza ni 1.414 na kilichobaki ni 0.000604. Ukigawanya kwa 2.828 unapata 0.0002136, na jumla ni 1.4142136, sahihi kwa tarakimu zote hizo nane.

Makosa ya kawaida

Kosa linaloongoza ni kupanga jozi kuanzia kushoto. Namba 784 ikipangwa 78 | 4 inatoa kazi isiyo na maana. Linalofuata ni kuzidisha kwa mbili tarakimu ya mwisho tu badala ya jibu lote. Lingine ni kuandika kwamba kipeuo cha 0.4 ni 0.2. Mraba wa 0.2 ni 0.04. Kipeuo cha 0.4 ni 0.632, kikubwa kuliko namba yenyewe, na wanafunzi wengi hushangaa kwamba hilo linawezekana. Ni hivyo kwa kila namba iliyo kati ya 0 na 1.

Katika shule za Tanzania

Tangu 1967 Kiswahili ndicho lugha ya kufundishia katika shule za msingi za serikali Tanzania bara, na ndiko neno kipeuo linakojulikana. Shule za sekondari hufundisha kwa Kiingereza, hivyo mwanafunzi wa kidato cha kwanza hukutana na jambo lile lile kwa jina jipya, na wapo wanaodhani ni mada mpya.

Kwa miaka mingi hisabati za sekondari zilifanywa kwa kitabu cha majedwali ya tarakimu nne. Jedwali la vipeuo vya pili lina sehemu mbili, moja ya namba 1 hadi 10 na nyingine ya namba 10 hadi 100, na mwanafunzi huchagua sehemu ya kusoma. Asiyejua jozi huchagua kwa bahati. Akitafuta kipeuo cha 4,840 na kusoma kwenye sehemu ya kwanza, ataona 4.84 na kuandika 22. Akisoma kwenye sehemu ya pili, ataona 48.4 na kuandika 69.57. Jibu la kwanza ni la 484. Jozi ya kwanza ndiyo inayoamua: ikiwa na tarakimu moja ni sehemu ya kwanza, ikiwa na mbili ni ya pili. Hata mwalimu asiyekusudia darasa lake litumie njia ya mgawanyo anaweza kufundisha upangaji wa jozi kwa ajili ya majedwali peke yake.

Historia

Wachina wa kale walikuwa na utaratibu wa tarakimu kwa tarakimu uliofanywa kwa vijiti vya kuhesabia, na umeelezwa katika sura ya nne ya kitabu kinachojulikana kama Sura Tisa za Hisabati. Mfano mmoja humo ni namba 55,225, ambayo kipeuo chake ni 235. Katika karne ya 4 Theon wa Aleksandria, Misri, alieleza jinsi ya kutafuta kipeuo cha 4,500 kwa hesabu za msingi wa sitini, na aliithibitisha kwa mchoro wa mraba uliokumbatiwa na umbo la L. Huko Uhindi Aryabhata aliiweka kanuni yake katika ubeti mmoja wa kitabu chake cha mwaka 499, akitumia thamani ya nafasi kama tunavyofanya leo.

Tarakimu za Kihindi zilipopokelewa na wataalamu walioandika kwa Kiarabu, njia ilisafiri nazo. Al-Uqlidisi aliyeandika Damasko mwaka 952 alifundisha vipeuo kwa tarakimu hizo, na al-Kashi wa Samarkand aliimalizia mwaka 1427 kitabu kikubwa cha hesabu ambacho kinafika hadi vipeuo vya daraja la juu zaidi ya pili. Waandishi hao waliiita namba inayotafutwa "mzizi", na lugha za Ulaya zilifuata jina hilo. Alama √ ilichapishwa kwanza na Mjerumani Christoff Rudolff mwaka 1525.

Njia nyingine

Njia ya zamani zaidi na ya haraka ni ya kukisia na kusawazisha, ambayo huhusishwa na Wababeli na ilielezwa na Heron wa Aleksandria. Kisia jibu, gawanya namba kwa kisio, kisha chukua wastani wa viwili hivyo. Kwa 4,840 tukikisia 70, mgawanyo unatoa 69.143, na wastani ni 69.571. Hatua moja tu imetosha kwa matumizi ya shamba. Udhaifu wake ni kwamba hugawanya kwa namba ndefu zaidi kila inaporudiwa, na haisemi yenyewe tarakimu zipi zimekwisha kuwa sahihi. Katika njia ya mgawanyo tarakimu iliyoandikwa haibadiliki tena.

Kwa logi, logi ya namba hugawanywa kwa mbili kisha hutafutwa namba yake. Usahihi unaishia pale jedwali linapoishia.

Mashine za kukokotoa za meno na mikono, kabla ya zile za elektroniki, zilitumia ndugu wa njia ya mgawanyo inayotegemea kutoa namba witiri: 1, 3, 5, 7 na kuendelea. Jumla ya namba witiri za kwanza daima ni mraba, kwa hiyo idadi ya mara ulizotoa hadi kufika sifuri ndiyo kipeuo. Kutoka 49 hutolewa 1, 3, 5, 7, 9, 11 na 13, mara saba. Kwa namba kubwa hufanywa hivyo jozi kwa jozi, na mashine ya Friden ya Marekani iliyotoka mwaka 1952 ilifanya kazi hiyo yenyewe kwa kubonyezwa kitufe.